Mume Wake Humpikia Kila Siku

Niseme mapema, nisije nikajipamba kwa unyenyekevu ambao sikuwa nao: nilikuwa na kiburi na Kiswahili changu. Nimezaliwa Mtwara, nimesoma kwa Kiswahili, nimefundisha kwa Kiswahili, na nilipokuja Brussels kusomea shahada ya uzamivu, kitu cha kwanza kilichonikera, hata kabla ya mvua, kilikuwa Kiswahili cha Wakongo. Kwenye tramu ya Schaerbeek nilikuwa nasikia "mutoto yangu" na "bitu byangu", na "donc" na "alors" za Kifaransa zimechomekwa katikati, nami nageukia dirishani nikijiumauma midomo. Jumapili nikipiga simu nyumbani nilimwigizia dada yangu, naye anacheka mpaka anakohoa. Jamani, nilikuwa na mdomo.

Utafiti wangu ulihusu Brazili ya enzi za wafalme. Watu huniuliza, Mtwara na Brazili wapi na wapi? Nilikaa Maputo miaka miwili nikajifunza Kireno, na Kireno ndicho kilichonipeleka huko. Kwa kifupi, nchi ile ilijitenga na Ureno lakini ikabaki na mfalme. Ikapanda kahawa mpaka vilima vikaisha miti, ikajenga reli, ikawa na bunge na magazeti, ikajiita nchi ya kisasa. Mzigo wote huo ulibebwa na watu waliotolewa Afrika kwa minyororo. Baadhi yao walitolewa pwani ya Msumbiji, jirani kabisa na kwetu.

Kilichonishika ni sheria moja. Serikali ya mfalme, baada ya kubanwa na Waingereza, ilitangaza kwamba kila Mwafrika atakayeshushwa nchini kuanzia hapo ni mtu huru. Sheria nzuri, imeandikwa vizuri. Ila kahawa ilitaka mikono, na mikono ikaendelea kushushwa kwenye fukwe za kando, maelfu kwa maelfu, na wakubwa wakijua. Danganya toto. Wabrazili wana msemo mpaka leo kwa kitu cha namna hiyo: ni cha kumwonyesha Mwingereza.

Sasa, mtu akifika mbele ya wakubwa na kudai kwamba yeye kashushwa baada ya sheria, mambo yaligeuka kuwa swali la lugha. Anajua Kireno? Basi huyu ni wa zamani, ni mali ya bwana wake. Hajui? Huenda kaja juzi, huenda ni huru. Na kwa kuwa hajui, aitwe mkalimani, ambaye mara nyingi alikuwa Mwafrika mwenzake, tena mtumwa. Karani haandiki alichosema yule mtu. Anaandika alichosema mkalimani. Mimi, miaka mingi baadaye, nimekaa maktaba na kompyuta yangu, nasoma hayo tu, mengine hayapo.

Na hata waliokutwa kuwa huru hawakuachiwa waende zao. Walikabidhiwa kwa wasimamizi, wawatumikie kwanza, miaka kumi na minne, ndipo waruhusiwe kuomba karatasi. Huru, lakini subiri.

Sura ya tatu ya tasnifu yangu ilikuwa juu ya wakalimani hao, na niliwaandikia kwa hasira. Niliwaita wazembe. Niliandika kwamba mtu aliweza kupoteza maisha yake yote kwa sababu mwenzake alikuwa mvivu wa kusikiliza. Profesa wangu aliisifu sura ile, akasema ina moto. Nilimwamini.

Wakati huohuo na mimi nilikuwa mkalimani. Waswahili wenye cheti si wengi mjini, nikafanya mtihani, nikala kiapo kwamba sitaongeza wala kupunguza, nikaingizwa kwenye orodha. Kazi nyingi zilikuwa za simu. Afisa yuko mahali fulani na mtu asiyejua Kifaransa, anapiga, anaweka simu kwenye spika, nami natafsiri nikiwa nyumbani kwangu na kanga kiunoni. Huwaoni watu. Unasikia sauti tu, na milango, na maji yakimwagika mahali.

Simu ninayotaka kuisema ilipigwa asubuhi ya Jumanne. Nilikuwa jikoni nachambua mchele. Alikuwa polisi wa mtaa wa Molenbeek, wale wanaopita nyumba kwa nyumba kuhakikisha kwamba aliyeandikishwa pale kweli anaishi pale. Kwa mtu aliyeletwa nchini na mwenzi wake, huangalia pia kama bado wanaishi pamoja. Alikuwa na mama mmoja Mkongo, mumewe katoka kidogo kununua mkate. Alishahesabu vitanda, kaona nguo za mume kabatini, amebakiza maswali mawili matatu.

"Mwulize," akaniambia, "yeye na mumewe wanaishije?"

Nikauliza. Yule mama akajibu haraka haraka, kwa sauti ya chini.

"Maman, bwana yangu ananipika. Kila siku ananipika."

Nikamwambia, "Rudia, dada, polepole."

"Ananipika. Hata mbele ya batu ananipika."

Nakumbuka kabisa nilichowaza. Niliwaza: hawa watu, hata kauli ya kutendea hawaijui. Mtu hapikwi, mtu anapikiwa. Nikamsahihisha kimoyomoyo, kama nilivyokuwa nikiwasahihisha wanafunzi wangu kwa kalamu nyekundu, kisha nikamwambia afisa kwa Kifaransa kilichonyooka: mume wake humpikia kila siku, hata wakiwa na wageni.

Afisa akaangua kicheko. Akasema afadhali mkewe asizisikie habari hizo, maana yeye hata yai hajui kuchemsha. Na mimi nikacheka. Nilicheka kwa sauti, ikatoka kwenye spika mle chumbani mwao.

Yule mama akanyamaza. Afisa akasema nimwulize kama ana la kuongeza, nikauliza, akajibu, "Hapana. Merci." Simu nzima haikufika dakika tano. Nikarudi kwenye mchele wangu.

Mwaka ukapita na miezi kadhaa. Siku moja nikaitwa kwa wakili, mwanamke wa makamo, ofisi yake iko juu ya duka la vitenge, barabara ya Chaussée de Wavre. Mteja wake alikuwa mama wa Lubumbashi, kama miaka thelathini, kitambaa cha zambarau kichwani, mkono wa kushoto haunyooki vizuri. Alinisalimu, "Bonjour, maman," akanivutia kiti kwa mkono mzima. Shule aliacha mapema, Kifaransa chake kilikuwa cha kununulia vitu tu. Sikumtambua. Ningemtambuaje?

Wakili akanieleza kesi nikiwa namtafsiria mteja. Huyu mama aliletwa na mumewe, Mkongo mwenye uraia wa Ubelgiji. Karatasi zake zinasimama juu ya ndoa: kwa miaka mitano ya kwanza sharti aishi na mume, akiondoka anaweza kunyang'anywa kibali na kurudishwa kwao. Isipokuwa athibitishe kwamba alikuwa akipigwa. Yeye katoroka miezi minne nyuma, yuko kwenye nyumba ya kuhifadhi wanawake huko Schaerbeek. Akaomba abakizwe kwa ajili ya kipigo, na ofisi ya wageni imekataa. Zimebaki wiki tatu za kukata rufaa.

"Wamekataa kwa nini?" nikauliza, kwa niaba yake.

"Kwa sababu ya hii," wakili akasema, akachomoa ripoti ya polisi wa mtaa, akaanza kusoma. Mhusika ametamka, kupitia mkalimani, kwamba mume wake humpikia kila siku, hata wakiwa na wageni. Hali ya nyumbani ni ya furaha.

Niliijua sentensi ile kabla hajaimaliza. Kifaransa kile kilikuwa changu, na mpangilio ule wa maneno wangu. Wakili akaniangalia akingoja, maana kazi yangu ilikuwa kumtafsiria mteja. Basi nikamgeukia yule mama, nikamrudishia kwa Kiswahili safi: imeandikwa kwamba ulisema mume wako anakupikia kila siku.

Akaruka kwenye kiti. "Hapana! Hapana, maman! Mi nilisema asema ananipika!" Akakunja ngumi ya mkono wa kulia, akaipiga kwenye kiganja cha ule mkono mbovu. Pa. Pa. "Ananipika! Vile!"

Mungu wangu. Kwao Lubumbashi wengi "g" yao hutoka kama "k". Kupiga ni kupika, na kupika chakula nako ni kupika, na mtoto wa miaka mitatu wa kule hachanganyi. Nilichanganya mimi, mwenye cheti. Nilikuwa nimewasikia kwenye tramu miaka mitatu, lakini nilikuwa nasikiliza ili nicheke.

Ningesema pale pale. Sikusema. Nilimtafsiria wakili kwamba mama anakana, anasema alisema anapigwa, wakili akashusha pumzi na kusema kila anayekataliwa husema mkalimani alikosea, na mkalimani wa siku ile alikuwa wa orodha rasmi. Nikaitikia kwa kichwa. Nikavaa koti langu, nikashuka ngazi, nikapita katikati ya watu na vitenge na mihogo mpaka kituo cha metro, na nafsi yangu inanitukana njia nzima. Niliogopa, ndiyo. Niliogopa kuondolewa kwenye orodha, niliogopa chuo kisikie, lakini zaidi niliogopa kumtazama yule mama usoni.

Nilikaa na jambo lile siku tisa, katika wiki tatu alizokuwa nazo. Kila nikifungua tasnifu, sura ya tatu ndiyo inafunguka, na neno "wazembe" liko pale, nimelipigia hata mstari. Siku ya kumi nikampigia wakili. Akasema njoo leo.

Niliomba nimwambie yule mama mwenyewe. Wakili akatuacha tukakaa wawili. Nikamwambia mkalimani wa siku ile nilikuwa mimi, nikamweleza nilivyosikia na nilivyotafsiri. Nilitegemea anipigie kelele. Nilitaka anipigie kelele, ningepumua.

Akauliza tu, "Donc ni wewe ulichekaka?"

"Ni mimi."

"Wewe na polisi?"

"Ndiyo, dada. Nisamehe."

Akatazama mkono wake. Alikuwa anazungumza taratibu, kama mtu anayejipangia mambo mwenyewe. Alisema alikuwa ameingojea siku ile wiki nyingi. Alijua polisi wa mtaa atakuja, alijua mume hupenda kutoka asubuhi, alishajizoeza maneno. Na alipoyasema, wakacheka, mzungu na yule mwanamke wa kwenye simu. "Mi niliwazaka asema huku Ulaya, muntu akipikwa, njo banamucheka. Alors nikanyamaza." Akanyamaza mwaka mzima. Mkono ulivunjwa katika mwaka huo. Hospitali akasema ameanguka kwenye ngazi, kwa sababu aliona hakuna haja ya kuchekwa mara ya pili.

Nikalia. Yeye hakulia. Alichukua karatasi ya kufutia machozi kwenye meza ya wakili akanipa, na tendo lile, nawaambia, liliniuma kuliko kama angenipiga kofi.

Wakili aliandika tamko, nikalitia sahihi kila ukurasa. Nilieleza herufi kwa herufi, "g" na "k", Lubumbashi na Mtwara, nikasema kosa ni langu peke yangu. Nilijitoa kwenye orodha kabla sijatolewa. Ofisi ya wakalimani ikaniandikia barua kwamba Waswahili hawatoshi, wananiomba nibaki. Nikabaki. Nilijiambia safari hii nitasikiliza vizuri. Kila mtu aliyeguswa na kesi ile alinihakikishia kwamba tamko lina nguvu, na mimi nikaanza kulala.

Rufaa ikakataliwa. Majaji walisema tafsiri iliyofanywa palepale na mkalimani aliyeapishwa ina uzito kuliko kumbukumbu yake baada ya mwaka na zaidi, hasa akiwa ameshakutana na mhusika na kumwonea huruma. Walisema mkono uliovunjika una karatasi ya hospitali, na karatasi inasema ngazi. Na kuhusu neno lenyewe waliambatanisha nakala ya ukurasa wa kamusi: kupika, kuweka chakula motoni mpaka kiive. Kamusi ileile iko mezani kwangu, nilipewa zawadi nilipohitimu.

Nilipiga ngumi meza ya wakili. Nilitukana kwa Kiswahili, kwa Kireno, kwa Kimakonde cha bibi yangu. Wakili alikusanya makaratasi yake polepole, akasema kuna njia nyingine, ndefu, tutajaribu.

Yule mama hakungoja njia nyingine. Wiki mbili baadaye wakili akanipigia kunijulisha kwamba amerudi kwa mumewe. Amekwenda kwa miguu yake, na begi lake. Kwa hesabu ya ofisi ya wageni, wakikubali kwamba ndoa imeendelea, kulikuwa kumebaki mwaka mmoja na nusu ifike mitano. Amesema atavumilia mpaka ifike, kisha ataondoka na karatasi yake mkononi, na hakuna wa kumwuliza kitu. Niliwakumbuka wale wa Brazili, miaka kumi na minne kwanza. Nilikuwa nimewaandika vizuri sana, na hawakunisaidia kujua la kumwambia mwanamke mmoja wa Molenbeek.

Nilirudi kwenye sura ya tatu, nikafuta "wazembe". Nilikaa mbele ya nafasi ile siku nzima nikijaribu maneno mengine. Sijui wale wakalimani walikuwa watu gani. Sijui nani alipokea rushwa, nani alitishwa, nani alisikia vibaya kwa sababu alimdharau mtu wa kabila jingine, nani alitambua kosa lake na kwenda kulisema kwa karani na karani akamwambia limeshaandikwa. Profesa alisoma sura mpya akasema imepoa. Nikamwambia ndiyo, imepoa.

Baada ya hapo, kila simu ya Molenbeek nilidhani ni yake. Zilikuja nyingi, za watu wengine. Mzee wa Bukavu na mita yake ya gesi. Binti wa Goma na shule ya mwanawe. Nilikuwa nauliza mara mbili, mara tatu, mpaka maafisa wanachoka: unamaanisha nini, dada, unaposema hivyo? Nieleze kwa maneno mengine.

Kisha ikaja ile, saa nne asubuhi, siku ya Alhamisi. Afisa wa kike, mpya, sauti ya upole. Akasema yuko kwenye nyumba ya mume na mke, mke aliwahi kulalamika, kwa hiyo ana swali la lazima kuuliza. Akaweka spika. Nikasikia televisheni, na mwanamume akikohoa karibu sana na simu.

"Bonjour, maman," ikasema sauti niliyoijua.

"Bonjour, dada," nikajibu. Akarudia, kwa sauti ya chini, "Maman," nikajua amenitambua.

"Mwulize," afisa akasema, "kama kuna kipigo nyumbani."

Nilitaka kumwambia afisa amtoe mume nje kwanza. Maneno ya Kifaransa yalikuwa tayari mdomoni. Lakini simu ilikuwa kwenye spika, na mume Kifaransa anakijua kuliko mimi, na baada ya afisa kuondoka wangebaki wawili. Nikauliza swali kama lilivyo, kwa Kiswahili, nikalitamka neno la kipigo taratibu, nikampa nafasi. Nikaongeza, na kiapo nikakivunja, "Nakusikiliza, dada. Safari hii nakusikiliza."

Yeye akajibu kwa Kiswahili ambacho sikuwahi kumsikia nacho, kilichonyooshwa, cha redio, cha kwangu mimi.

"Hapana. Mume wangu hanipigi."

Ile "g" aliitamka kwa ukamilifu, akaikalia, ili nisiikose.

"Amesema nini?" afisa akauliza.

Mume akakohoa tena. Televisheni ilikuwa inatangaza sabuni.

"Maman," yule mama akasema, "tafsiri tu."

Nikatafsiri. Amesema hapana, mume wake hampigi. Nikamsikia afisa akiandika, neno kwa neno, na hapakuwa na kosa hata moja.